Kamera Ilipotazama Sakafu

Nyumbani,
Tarehe 3 Februari

Mjukuu wangu, mume wangu mtoro,

Mimi mzima, miguu tu ndiyo yenye ubishi. Wewe sikuulizi hali, maana utajibu "niko poa, Bibi" kama unavyojibu kwenye simu, kisha utasema mtandao mbaya, kisha utakata. Ndiyo maana naandika. Karatasi haikatiki. Na nimeandika kwa mkono wangu, sikumpa mtu aniandikie. Ukikuta herufi zimelala usicheke. Shule niliiacha mimi, haikuniacha yenyewe.

Juzi nimeiona kazi yako kwenye televisheni, ile tamthilia ya matajiri wanaogombania nyumba. Jina lako limepita mwishoni mbio mbio kama linakimbizwa na mbwa. Nikawaambia majirani, huyo ndiye mshika kamera, mjukuu wangu. Wakasema mbona hatujamwona? Nikawaambia nyie vichwa maji, mwenye kushika kamera ataonekanaje?

Lakini nikukosoe. Kwa nini watu wote mle ndani wanakaa gizani? Nyumba ya kifahari ile, taa imewashinda? Ulipokuwa unapiga harusi za mtaani tulikuwa tunaona mpaka jasho la bwana harusi. Ukaenda kwenye taarifa ya habari, ukabeba lile dude begani, mawaziri tukawaona mpaka vinyweleo vya pua. Ukapiga mpira, na mpira niliuona. Ile ya sabuni ya kufulia siisemi, povu lilikuwa la uongo, lakini mwanga ulikuwepo. Sasa umekuwa mtu mkubwa, basi ni giza tu.

Haya. Sikuchukua kalamu kwa ajili ya hilo.

Nataka ile filamu ya mama yako. Unaikumbuka siku ile. Mwanangu alikuwa bado anaweza kukaa akiegemezwa mito, akasema ana maneno yake anataka uyaweke kwenye kamera. Na mimi nikavuta kiti nikae. Akasema, "Mama, hebu toka kidogo." Mimi! Chumba nilichokipaka chokaa kwa mikono hii! Nikatoka. Nikasimama pale bombani najifanya nasugua sufuria. Sauti naisikia, maneno siyasikii. Mlipomaliza ukaniita, nikaingia, na kwa kiburi changu sikuuliza. Nikasema ataniambia mwenyewe akitaka. Hakuniambia. Sasa ameshakwenda.

Nataka kujua alinisema nini. Mimi na yeye tuligombana tangu anaota meno. Kama alinisema vibaya, nisikie kwa masikio yangu. Kama hakunitaja kabisa, nalo nilijue. Nikilala nalisikia lile bomba.

Lete.

Bibi yako


Kambini,
Tarehe 20 Februari

Shikamoo Bibi,

Barua yako imenifikia. Tamthilia nimeiacha. Sasa niko kwenye filamu, ya sinema, siyo ya televisheni. Tunapigia kwenye machimbo ya mawe ambayo hayatumiki tena. Tunalala kwenye mabanda ya mabati.

Hapa mvua inanyesha sana. Inaanza asubuhi kama ukungu, inapumzika mchana, inarudi jioni. Mawe yakilowa yanakuwa meusi na yanameza mwanga, kwa hiyo tunasubiri yakauke. Yakikauka kidogo yanakuwa na rangi ya kijivu ambayo mwongozaji anaipenda. Halafu mvua inarudi. Tumenunua maturubai mapya. Yale ya zamani yalikuwa yanavuja.

Jana tulipiga tukio la mama anayefariki. Dada wa mavazi alilia, na mtu wa sauti alitoka nje. Mimi nilikuwa naangalia kivuli cha mto, kilikuwa kinakata shavu la mwigizaji pabaya. Mwongozaji ananisifu kwamba mkono wangu hautikisiki. Anasema ndiyo sababu alinichagua.

Nakula. Chakula hakina shida.

Ile ya Mama ninayo. Nitaituma kazi ikipungua.

Mjukuu wako


Nyumbani,
Tarehe 9 Machi

Wewe mtoto,

Nimekuomba filamu ya mwanangu umeniletea mvua. Mvua inaanza, mvua inapumzika, mvua inarudi. Mimi nina mkataba gani na mvua ya huko? Na maturubai yananihusu nini, nimefungua soko?

Halafu, "ile ya Mama ninayo," basi. Kama mtu anayesema ana mwavuli.

Nakujua mimi. Ulipokuwa mdogo ukianguka hukulia, ulikuwa unakaa kimya unaangalia goti linavyotoka damu, kama goti la mtu mwingine. Mama yako akisema, "Huyu ni jasiri." Nikamwambia huyu si jasiri, huyu hajafikiwa na habari. Siku ya mazishi nilikuona umesimama pembeni unapima jua kwa kiganja. Watu wakasema jikaze, na wewe ukawajibu asante, asante, kama unapokea wageni wa mtu mwingine.

Kazi haipungui. Kazi ya nani iliwahi kupungua? Tuma.

Bibi yako, na sitanii


Kambini,
Tarehe 16 Machi

Shikamoo Bibi,

Humu kwenye bahasha kuna kadi ya kamera. Ni ndogo kama ukucha, uangalie isianguke. Nimeizungushia kitambaa cha kufutia lenzi.

Sijawahi kuiangalia. Nilipoitoa kwenye kamera siku ile niliitia mfukoni, na tangu hapo nimekuwa naihamisha, nikivaa suruali nyingine inahamia huko. Nilikuwa nayo mazishini. Nilirudi kazini nayo. Hakuna nakala nyingine.

Mwite yule fundi simu wa kona akuunganishie kwenye televisheni. Mwambie asifute kitu.

Kesho tunapiga moto.

Mjukuu wako


Nyumbani,
Tarehe 30 Machi

Wewe mpiga picha mashuhuri,

Sikiliza nilivyoaibika.

Nimevaa gauni la kijani. Nimefagia chumba. Nimefunga mlango majirani wasije kuchungulia. Fundi simu amekuja na waya zake, amechomeka huku, amechomoa kule, ameniomba maji ya kunywa, nimempa. Nikakaa mbele ya televisheni, nimefumbata mikono kama naenda kuhukumiwa. Nikamwambia, haya washa.

Kwanza likapita dari, fyuu, kama radi. Kisha sakafu.

Sakafu yangu! Naijua, ule ufa unaoanzia kwenye mguu wa kitanda ni wangu. Nikasema ngoja, picha itapanda. Haikupanda. Fundi simu akakohoa, akasema, "Bibi, labda ndiyo staili ya kisasa." Nikamwambia staili ya mama yako.

Sauti yako ikasema, "Tayari Mama, nimezima." Umezima nini? Nikawa namfokea fundi kwa hilo, yaliyofuata yakanipita. Mara naingia mimi. Siyo mimi, sauti yangu, inafoka habari ya dirisha. Sauti kama bati linaburutwa. Hivi ndivyo ninavyosikika? Mbona miaka yote hakuna aliyeniambia? Nikamwambia fundi azime, akusanye waya zake, aende. Akauliza kama aendelee kidogo mbele. Nikamwambia nimeona sakafu ya kutosha, hata hapa ninayo.

Mwanangu hayumo. Uso wake haumo. Umewapiga mawaziri, umepiga wacheza mpira, umepiga povu la uongo, mama yako mzazi umempiga sakafu.

Lakini wewe ulikuwemo chumbani. Una masikio mawili, niliyaosha mwenyewe ukiwa unapiga mateke. Niandikie alichosema. Neno kwa neno.

Bibi yako


Kambini,
Tarehe 11 Aprili

Shikamoo Bibi,

Nimesoma barua yako nikiwa nimekaa kwenye sanduku la taa. Nadhani najua kilichotokea.

Kitufe cha kamera ile ni kimoja. Ukikibonyeza inaanza, ukikibonyeza tena inasimama. Nilipokuwa naifunga kwenye miguu yake mitatu lazima niliigusa ikaanza bila mimi kujua. Kwa hiyo nilipobonyeza ianze, ikasimama. Mama akaongea. Nilipobonyeza isimame, ikaanza. Nikaiweka kwenye kigoda, ikabaki inatazama chini.

Ipo taa ndogo nyekundu mbele inayoonyesha kamera inafanya kazi. Mimi huiziba kwa utepe mweusi. Watu wakiiona wanakaza shingo. Nilianza kuiziba wakati wa taarifa ya habari na sijaacha. Siku ile niliiziba ili Mama asiogope.

Alichosema ni hiki: "Mwambie mama yangu nampenda kwa moyo wangu wote. Yeye ndiye nguzo ya maisha yangu, na namshukuru kwa kila chozi alilolia kwa ajili yangu. Nikiondoka, nitabaki naye daima."

Ndivyo alivyosema.

Mjukuu wako


Nyumbani,
Tarehe 22 Aprili

Muongo.

Mwanangu aliyeniambia mbele ya daktari, "Wee bibi kizee acha kuniziba hewa," ndiye aniite nguzo? Kwa mdomo upi? Na chozi gani mimi nililolia? Alinijua mama yule. Alijua hata kitunguu hakinilizi.

Halafu maneno hayo nimeyasikia Alhamisi kwenye tamthilia yako, yanasemwa na yule binti mwenye wigi. Hata hukubadilisha "daima." Unanipa mimi makombo ya televisheni?

Kama alinitukana, sema alinitukana. Nimetukanwa na watu wazima na nikalala usingizi. Uandike kweli au kalamu uiweke.

B.


Kambini,
Tarehe 4 Mei

Bibi, shikamoo.

Sijui alisema nini.

Nilikuwa nimesimama mbele yake, karibu kuliko nilivyo na taa hii ninayoandikia. Mwanga ulikuwa unaingia dirishani upande wake wa kushoto. Kulikuwa na wingu linapita, likifunika jua shavu linakuwa la kijivu, likipita linarudi kuwa la joto, na mimi nilikuwa nafungua na kufunga jicho la lenzi ili tofauti isionekane. Mkono wake wa kulia ulikuwa unachezea uzi uliofumuka kwenye blanketi. Chini ya jicho palikuwa na kivuli nikafikiria kuweka karatasi nyeupe kukiondoa. Mdomo wake nauona ukifunguka. Naweza kukuchorea kila kitu. Sauti haipo.

Kwenye kazi yetu anayesikiliza ni mtu mwingine. Mimi naangalia. Na kamera inakumbuka, ndivyo nilivyozoea. Nilijua nitamsikiliza baadaye.

Watu hapa wananiuliza kama niko sawa. Nawajibu niko sawa, na siwadanganyi, Bibi, hakuna kinachoniuma. Tukio la moto limetoka vizuri. Wanasema filamu hii itanipeleka mbali. Nimesikia, kama mtu anavyosikia redio ya jirani.

Hata nilipojua kwamba kadi haina kitu, nilimaliza chai.

Kama unataka kunifokea, fokea. Lakini kadi usiitupe.

Mjukuu wako


Nyumbani,
Tarehe 19 Juni

Mjukuu wangu,

Sikukujibu kwa sababu nilikuwa nimekasirika, na hasira zangu zinataka nafasi, hazipendi kusukumwa. Nilikuwa nakwenda bombani, narudi. Nikikutana na fundi simu napita upande wa pili wa barabara kana kwamba ni yeye aliyepiga sakafu.

Wiki iliyopita akanifuata mwenyewe. Akasema, "Bibi, ile kadi uliniambia nizime mapema. Mbele bado kuna kitu." Nikamwambia wewe umejuaje? Akasema aliona kwenye ule mstari unaotembea chini ya picha kwamba filamu imebaki ndefu. Basi nikamruhusu arudi. Gauni la kijani sikuvaa.

Nimeiangalia mpaka mwisho. Sasa keti, kama bado unajua kuketi, nikusimulie, maana naona mjukuu wangu analipwa kwa kuangalia lakini haoni.

Unasema, "Tayari Mama, nimezima." Mwanangu anasema, "Haya, sasa njoo ukae." Sauti yake ile ile, ya puani. Nikashika ukingo wa kiti. Wewe unasema, "Nakuja Mama, nakunja waya." Viatu vyako vinapita huku, vinapita kule. Anasema tena, "Kaa basi, mtoto." Unasema, "Dakika moja." Viatu vinakwenda mlangoni. Unaniita, "Bibi, ingia." Hukukaa. Nimeangalia mpaka mwisho kama utakaa. Hukukaa.

Naingia mimi. Miguu mitupu, imelowa, maana nilikuwa bombani na kandambili nilikuwa nimeziacha chumbani nilipofukuzwa. Na mdomo umeshatangulia: nani kafungua dirisha hili, mnataka kuniulia mgonjwa, hili vumbi lote ni la nani. Nilipofika hapo siku ya kwanza ndipo nilipomzimisha fundi. Safari hii nikauma meno nikajisikiliza.

Basi wakati mimi naendelea na dirisha, mguu wa mwanangu unashuka kitandani. Ule mguu, ulikuwa umebaki kama kijiti, na lile kovu la kwenye kidole gumba alipojikata na jembe. Unapapasa chini ya kitanda. Unatafuta. Unakamata kandambili moja, unaivuta, unaisukuma kwenye ufa. Unarudi kuitafuta ya pili. Inamchukua muda, unapumzika katikati, unatulia hapo sakafuni kama umelala. Kisha unaisukuma nayo. Zinafika pale pale ninaposimama. Mimi wala siangalii. Naingiza miguu kana kwamba zimeota hapo.

Halafu nasema, "Nani kageuza kandambili zangu? Ya kushoto iko kulia!"

Anacheka. Mjukuu wangu, anacheka mwanangu, mpaka anakohoa, na mimi namwambia kohoa vizuri, funika mdomo. Kisha picha inakuwa nyeusi. Fundi simu anasema betri.

Siku ile nilivyokumbuka mimi ni kwamba alinitoa nje, nikarudi, nikagombeza, basi. Cheko sikulikumbuka kabisa. Lilikuwepo.

Usidhani nimeridhika. Bado nataka kujua alinisema nini, na nitaondoka duniani nikitaka. Hilo umenikosesha na sitakwambia si kitu, kwa sababu ni kitu. Lakini kandambili nimeziona.

Sasa nakwambia na siombi. Kitanda cha mama yako bado kiko pale pale. Uliambiwa ukae. Uje ukae. Kamera ibaki huko, na utepe wako mweusi ubaki huko. Mtafute mwingine wa kuangalia hayo mawe.

Bibi yako


Kambini,
Tarehe 1 Julai

Shikamoo Bibi,

Msaidizi wangu atashika kamera. Mwongozaji hakufurahi. Amesema ya msaidizi inatikisika.

Nakuja Jumamosi. Sibebi kitu.

Mjukuu wako


Nyumbani,
Tarehe 10 Julai

Mjukuu wangu,

Umeondoka jana na tayari nakuandikia, usije ukavimba kichwa. Ni kwa sababu umesahau soksi zako, na kwa sababu kuna jambo sikukwambia.

Ulikaa. Hilo nimeliona na nalikiri. Ulikaa pale kitandani ukitazama ukuta, mimi kwenye kiti changu. Nilikuwa nimeandaa maneno, mengi, nimeyapanga tangu Ijumaa, nikayakosa. Uliuliza kama nataka kukuonyesha ile kadi. Nikasema si leo. Ukasema sawa. Hukulia. Na mimi, unanijua. Jirani alichungulia akauliza mbona kimya, nikamwambia tunafanya kazi.

Wingu likapita dirishani, ukuta ukawa wa kijivu. Nilikuangalia. Hukunyanyua kiganja. Uliliacha lipite.

Ulisinzia ukiwa umekaa, mdomo wazi kama mtoto. Nikakuacha.

Sasa lile jambo. Jioni niliponyanyuka kwenda kufunga mlango wa nyuma, nilikuwa miguu mitupu. Wewe ulikuwa umeamka lakini bado hujarudi vizuri, unatazama huko huko ukutani. Mguu wako ukashuka. Ukapapasa chini ya kitanda. Ukazisukuma kandambili mpaka miguuni pangu, moja, kisha nyingine, na macho yako yako ukutani, wala hukujua unafanya nini. Filamu yenyewe hujaiona.

Ya kushoto ulinipa kulia.

Sikugombeza. Nimezivaa hivyo hivyo mpaka mlangoni.

Bibi yako